Bega Lililobeba Jeneza la Noela

Jeneza la mke wangu lilikataa kwenda kaburini.

Sisemi mimi. Walisema watu waliokuwepo, na walikuwa wengi.

Tulikuwa tumeshalishusha kwenye gari. Kutoka barabarani hadi kwenye shimo ni njia nyembamba inayopita katikati ya makaburi ya watu wengine. Tulibeba wanaume sita, mie nikiwa mbele, upande wa kushoto, jeneza juu ya bega langu la kulia. Kwaya inaimba. Katekista katangulia na msalaba.

Katikati ya njia, jeneza likazama.

Halikuanguka. Lilizama upande mmoja, upande wangu. Wenzangu wakayumba. Kwaya ikakatika. Bega langu la kulia liliwaka moto, halafu likawa baridi, halafu mkono ukaning'inia tu.

Nyuma yangu nikamsikia Eufrazia, mdogo wake marehemu, akipiga yowe.

"Amekataa! Dada kakataa! Si niliwaambia mumpeleke kwetu?"

Watu wakaguna. Mzee mmoja akavua kofia. Kijana akaja akashika nafasi yangu, jeneza likainuliwa, tukamzika.

Lakini lile neno halikuzikwa.

Naitwa Gervas. Ni fundi samani pale Keko, barabarani, kwenye vile vibanda vya vitanda na makabati. Naishi Tabata. Naandika haya kwa sababu kumbukumbu zangu zimeanza kuchanganyika na maneno ya watu, na sitaki maneno ya watu yashinde.

*

Noela alifariki mchana, kwa presha. Asubuhi alinipa chai, akaniuliza kama nitarudi na mkate.

Sikurudi na mkate. Nilirudi nikakuta majirani wamejaa uani.

Sie wawili ni watu wa Masasi. Hatukujaliwa mtoto. Na kwetu, mtu akifia Dar, swali la kwanza huwa si amekufa na nini. Swali ni gari linaondoka lini.

Nikasema haliondoki. Noela atazikwa hapa hapa.

Eufrazia alikuwa ndiyo kwanza amefika kutoka Kigamboni anakoishi, khanga bado iko kichwani.

"Shemeji, unasemaje?"

"Mwenyewe alisema. Akifa nisimsafirishe."

"Alisema lini?"

"Tulipotoka kwenye msiba wa baba yenu. Alitapika njia nzima. Akaniambia, Gervas, mie nikifa usinipandishe tena gari refu. Nizike hapo hapo ulipo."

"Nani mwingine alisikia?"

Kwenye basi tulikaa kiti cha watu wawili.

"Sawa," akasema Eufrazia. "Basi dada yangu anazikwa kwa maneno ya kichefuchefu."

Hakuna aliyecheka.

Mie nikaondoka nikaenda Keko kutengeneza jeneza. Fundi wa Keko hawezi kumnunulia mkewe jeneza lililotengenezwa na fundi mwingine. Siyo sheria, ila ndivyo tulivyo.

Majeneza hutengenezwa kwa mbao laini, za paini, na chini plaiwudi. Mie nikavuta mninga. Mbao ngumu, nzito, kavu, nilizokuwa nimezitunza kwa ajili ya kitanda chetu wenyewe.

Jirani yangu wa kibanda anaitwa Nurdin, mtu wa Lindi, fundi wa makochi. Alisimama akaniangalia.

"Braza. Mninga?"

"Mninga."

"Mtu anazikwa, hahamii Masaki."

"Nurdin, nipe randa."

"Randa nakupa. Ila huo mzigo ataubeba nani? Sie wenzio tunazika na sanda tu, na mtu anafika vizuri."

Nilicheka, halafu nikaona aibu kucheka. Nikapiga randa kwa mkono mpaka mbao zikateleza. Bega liliuma, lakini siku ile hakukuwa na kitu ambacho hakikuuma.

Wakati wa kubeba, wazee waliniambia mfiwa akae nyuma. Nikakataa. Nikasema huyu ni wangu, nitambeba mwenyewe.

Mengine mmeshayasikia.

*

Watu walipotawanyika, nyumba ilibaki na sufuria kubwa za kuazima, mikeka, na mie.

Eufrazia aliondoka bila kuniaga. Nilimpigia simu, haikupokelewa. Nikapiga tena siku nyingine, haikupokelewa. Nikaacha.

Mkono wangu haukupanda. Nikiuinua unafika kiunoni, unakataa. Nikiusaidia na wa kushoto unapanda, nikiuachia unaanguka.

Mtaani wakapata maelezo.

"Marehemu kamshika bega."

"Akishika bega ujue ana neno."

Mie nilikaa ndani najiuliza, Noela, una neno gani? Kama ulitaka Masasi, mbona ulisema vile kwenye basi? Au ulisema kwa sababu ya kutapika tu, na mie nikalifanya wosia?

Hilo ndilo lililonila. Bega lilikuwa dogo. Kubwa ni kwamba labda nimemzika mke wangu mahali asipopataka, na ameondoka na kinyongo.

Na kuna jambo jingine sikumwambia mtu. Sikutaka mkono upone. Kama kweli ni yeye aliyenishika, basi alikuwa bado yupo.

Jirani akaniletea mzee anayekanda viungo. Akachemsha maji na chumvi, akakanda, akavuta mkono kwa nguvu, akasema mfupa umehama kidogo anaurudisha. Nilipiga kelele hadi watoto wa nyumba ya pili wakaja dirishani. Baada ya hapo hata kushika kijiko kulinishinda.

Nikawa nakula kwa kushoto. Mtu mzima unakula kwa kushoto, peke yako, unamwaga mchuzi kwenye nguo, na hakuna hata wa kukucheka.

*

Ni Nurdin aliyekuja kunitoa.

"Vaa viatu."

"Twende wapi?"

"Hospitali."

"Nurdin, hili si la hospitali. Unajua walivyosema."

"Najua. Na mie nasema hivi, kama ni shemeji kakushika, akimwona daktari atakuachia. Na kama si yeye, daktari atasema. Sasa unapoteza nini? Kaa chini nikufunge kamba za viatu."

Akapiga goti kwenye sakafu yangu akanifunga kamba. Nikaona heri niende kuliko kuendelea kufungwa viatu na mwanaume mwenye kipara.

Daktari alikuwa mama mmoja wa Kipare, Dokta Elinaza. Nilimweleza yote, hata la jeneza kukataa. Nilitegemea atacheka. Hakucheka.

Aliuinua mkono wangu yeye mwenyewe, akauweka usawa wa bega.

"Naachia. Uzuie usianguke."

Akaachia. Ukaanguka.

Akaniandikia kipimo cha MRI, ile mashine inayogonga kama watu wa Keko siku ya oda. Niliporudi na picha aliziweka kwenye kioo chenye mwanga, akaziangalia kwa muda mrefu.

"Mzee Gervas, hapa kuna mambo mawili, si moja."

"Yapi, dokta?"

"Mkono unainuliwa na misuli. Msuli unashikamana na mfupa kwa kano. Chukulia kano ni kamba. Wewe kuna kano ya mbele imekatika hivi karibuni, miezi michache. Hiyo naamini ni siku ile ya mazishi."

Nikashika kiti.

"Unamaanisha jeneza halikuzama lenyewe?"

"Mimi naongelea bega tu. Kano ikikatika ghafla ukiwa umebeba mzigo mzito, mkono unaachia papo hapo. Jeneza lilikuwa la mbao gani?"

"Mninga."

Akaniangalia kidogo. "Pole sana," akasema, na nilisikia kwamba anamaanisha.

Halafu akahamisha kidole kwenye picha.

"La pili ndilo linalonishangaza. Hii kano ya juu haikukatika juzi. Hii ni ya miaka. Imejivuta nyuma, na msuli wake umeshaanza kugeuka mafuta. Kabla ya mazishi, vitu vya juu ulikuwa unavichukuaje?"

"Nilikuwa navichukua tu."

"Kwa mkono huu?"

"Ndiyo."

"Mzee wangu, haiwezekani. Maumivu labda uliyazoea, kazi za chini ulimudu. Lakini kuinua kitu juu ya kichwa kwa mkono huu, hapana. Si kwa miaka ya karibuni."

Nikautazama ule mkono.

Akahamia kwenye suala la matibabu. Alinieleza taratibu, na nilipouliza swali la kijinga hakuharakisha.

Alisema naweza kuacha bila kupasuliwa, nikafanya mazoezi, misuli iliyobaki ikafundishwa kufanya kazi ya ile iliyokufa. Wapo wanaoishi vizuri hivyo.

"Na sindano? Kuna mtu kaniambia kuna sindano ya bega."

"Ipo. Inatuliza maumivu kwa muda. Haishoni kitu."

"Na kupasua?"

"Kupasua kuna namna zake. Ile kano mpya naweza kuirudisha kwenye mfupa na kuishona, na afadhali iwe mapema, kabla nayo haijavutika nyuma kama mwenzake. Ile ya zamani sikudanganyi, nikiivuta itachanika tena. Kuna namna ya kuchukua kano ya mgongoni kuihamishia begani, ni kubwa, na kupona kwake ni kurefu. Na kuna bega la bandia, tunaligeuza, tufe la mfupa linakaa palipokuwa na kikombe chake, na kikombe palipokuwa na tufe. Hilo nawapa zaidi wazee waliochoka kabisa. Ukiwekewa hilo, nyundo na randa uage."

"Sasa wewe ungekuwa mimi?"

"Ningeshona kinachoshoneka. Nisingegusa kilichokwisha. Halafu mazoezi, na uvumilivu. Mkono utafika usawa wa bega, Mungu akipenda. Juu ya hapo sikuahidi. Kazi yenyewe inaanza tukishakushona. Mkono utafungwa kifuani wiki kadhaa, huoshi, huvai, hujifungi mkanda. Nyumbani una mtu?"

"Yupo," nikasema.

Sikusema ni nani, kwa sababu hakuwepo.

*

Nilirudi Tabata nikakaa sebuleni, nikaanza kuangalia nyumba yangu.

Misumari ya kutundikia nguo ilikuwa usawa wa kifua. Yote.

Rafu ya vyombo jikoni, usawa wa kiuno. Juu yake ukuta mtupu.

Nikatoka nje. Kamba ya kuanikia nguo ilikuwa chini hata shuka zinagusa majani.

Nilisimama pale uani nikatafuta kitu chochote kilicho juu ya kichwa changu. Hakukuwa na hata kimoja.

Nikaanza kukumbuka. Gervas, kamba ikiwa juu nguo zinapeperuka, ishushe. Gervas, rafu ya juu ni nyumba ya panya, itoe. Gervas, acha balbu, mie nimeshapanda kwenye stuli.

Kila kimoja kilikuwa na sababu yake, na kila sababu ilikuwa ya maana. Sikuwahi kuziweka pamoja.

Kesho yake nikaenda Keko. Nikaangalia kibanda changu. Mbao, ambazo zamani tulikuwa tunaziweka juu kwenye mapao, zilikuwa zimesimamishwa ukutani.

"Nurdin, hizi mbao nani alizishusha?"

Akaacha kugonga.

"Mie."

"Kwa nini?"

"Muda mrefu umepita, braza."

"Nurdin."

Akakaa kwenye kochi la mteja, bado halina kitambaa.

"Ulikuwa umeenda Buguruni kufuata mbao. Shemeji akaja na chakula. Akaniambia, Nurdin, nishushie hizi mbao, mwenzio mkono umechoka, mwenyewe hajui. Nikamwambia, si umwambie aende akapimwe? Akasema keshakuambia ukapimwe, umemjibu ni uchovu wa kazi. Akasema, basi nitafanya hivi hivi kimya kimya."

"Akasema hivyo?"

"Akasema, muache ajione kijana."

Nilitoka nje ya kibanda. Barabarani malori yanapita, watu wanapatana bei ya dressing table, na mie nimesimama nalia, nimevaa kaptula ya kazi.

Miaka yote ile nilidhani nina mikono miwili. Nilikuwa na mmoja, na Noela.

Na siku ya mazishi nikaenda kubeba mninga bila yeye.

*

Nilipasuliwa. Ganzi ya shingoni na dawa ya usingizi, nikaamka mkono umefungwa kifuani na mdomo mkavu. Nurdin ndiye aliyeandikwa kuwa ndugu yangu. Nesi akamuuliza, "Ndugu kwa baba au kwa mama?" Akajibu, "Kwa misumari." Akanirudisha nyumbani na bajaji, akimfokea dereva kila kwenye shimo.

Halafu naye akarudi kwenye makochi yake. Ana familia.

Watu hawakwambii kupona kukoje. Huwezi kulala chali wala ubavu, unalala umekaa. Nililala kwenye kochi, mito mgongoni. Huwezi kukamua nguo. Huwezi kukata mkate, unauvunja. Mkono mmoja unaosha mwili mzima isipokuwa wenyewe. Mkono wangu wa kushoto, ule mzima, ndio uliokuwa mchafu kuliko kiungo kingine chochote.

Nilikuwa na shati moja pana nililolivaa juu ya mkono uliofungwa. Nilikaa nalo bila kulibadilisha.

Kwenye mazoezi nilikutana na Lusungu, binti wa Mbeya, mtaalamu wa viungo. Alinifundisha kuinama, kushika meza kwa kushoto, na kuuacha mkono uning'inie uyumbe wenyewe.

"Usiuinue."

"Siuinui."

"Unauinua, mzee, nakuona. Mie hapa sitaki mashujaa. Mashujaa ndio wanaorudi wamechanika tena. Nataka mvivu."

"Mie si mvivu."

"Basi jifunze."

Nikajifunza. Kila siku nainama mezani kwangu, peke yangu, mkono unayumba, nahesabu kwa sauti ili nyumba iwe na sauti.

Kuhusu jeneza, nusu ya moyo wangu ilipona. Nilijua sasa ni kano. Lakini daktari anajua kano tu. Hajui kama Noela alitaka Masasi. Bado nilikuwa shahidi peke yangu, na ndugu zake wote walikuwa upande wa pili.

*

Siku moja asubuhi nikasikia hodi. Sauti niliijua. Inafanana na ya marehemu.

Eufrazia aliingia na kapu. Hakuniamkia. Aliangalia sebule, akaangalia kochi lenye mito, akaniangalia mie.

"Rafiki yako Nurdin amevuka na pantoni kunifuata. Kaniambia umepasuliwa. Vua shati."

"Eufrazia..."

"Vua, unanuka. Dada angekuona hivi angenisema mie."

Aliweka maji ya uvuguvugu kwenye beseni. Nikakaa kwenye stuli uani. Akanisaidia kutoa shati bila kugusa bega, kwa upole ambao sikuutegemea kwa mtu aliyekataa kupokea simu zangu miezi yote ile. Akaanza kuniosha mkono wa kushoto. Halafu akahamia mgongoni, nikawa simwoni uso.

Ndipo aliposema.

"Mie niliona."

"Uliona nini?"

"Siku ile. Nilikuwa nyuma yako, karibu kabisa. Mkono wako ulianguka kwanza. Jeneza likafuata. Niliona kwa macho yangu, shemeji."

Maji yalikuwa yanadondoka kwenye saruji.

"Uliona, halafu ukasema amekataa?"

"Ndiyo."

"Kwa nini?"

Alikamua kitambaa. Akakichovya tena.

"Nilitaka akatae. Dada yangu kafa mchana, mie nipo Kigamboni napepeta mchele. Hakunipigia, hakuniaga. Wewe alikuachia neno. La kichefuchefu, lakini neno. Mie hakuniachia kitu. Sasa jeneza lilipozama nikasema hilo ndilo langu. Ananiambia mie, siyo wewe."

Nilikuwa nimejiandaa kwa hasira miezi mingi, na nilipoitafuta sikuiona.

"Na Masasi?" nikauliza. Ndilo swali nililokuwa nalo tangu mwanzo.

"Masasi kuna nani? Baba kafa, mama kafa, nyumba imeanguka ukuta wa nyuma. Na alichokuambia wewe aliniambia na mie, tangu tuko wasichana; siku ile nilikubishia kwa uchungu tu. Kila safari ya kutoka huku, hajafika hata Kibiti keshaomba mfuko wa kutapikia. Akasema, Eufra, mie wakinisafirisha maiti nitawatapikia."

Akaanza kucheka. Mie nikacheka. Bega likauma, nikashindwa kuacha. Halafu nikagundua nyuma yangu hacheki tena, kapumzisha paji la uso kwenye mgongo wangu wenye sabuni, analia.

Sikuweza kugeuka kumshika, mkono ulikuwa umefungwa. Nikamwacha aegemee.

Kwa hiyo Noela hakukataa. Yuko pale alipotaka.

*

Baada ya hapo Eufrazia akawa anakuja Jumamosi. Ananiosha, ananivalisha singlendi, ile fulana ya ndani, kwa kuipitisha kichwani, mkono mbovu kwanza, halafu shati, halafu ananifunga vifungo kuanzia chini huku ananisimulia watu wa Kigamboni ambao siwajui. Ananiita shemeji kila sentensi. Anapika, anakula na mie, anavuka kurudi kwake.

Jumamosi zilikuwa fupi. Siku nyingine za wiki zilikuwa ndefu mno.

Mkono ukafunguliwa. Ukaanza kupanda kwa kusukumwa na fimbo, halafu bila fimbo. Ulifika usawa wa bega ukasimama hapo, kama Dokta Elinaza alivyosema. Nimerudi Keko. Natengeneza droo, viti, stuli. Makabati marefu namwachia Nurdin, anajidai nayo.

Sasa kuna Jumamosi moja, niliamka nikaoga mwenyewe. Nikajaribu singlendi. Mkono mbovu kwanza, kichwa, mkono mzima. Ikaingia. Nikajaribu shati. Likaingia. Nikafunga vifungo vyote hadi cha shingoni.

Nilisimama mbele ya kioo. Nilipaswa kufurahi.

Nilichokiona ni kwamba Eufrazia hatakuwa tena na sababu ya kuja.

Nikasikia bajaji inasimama nje. Nikavua shati haraka haraka, nikaliweka mapajani, nikakaa kwenye stuli kama ninavyokaaga siku zote.

Akaingia, akaweka kapu, akanitazama.

"Na hiyo singlendi nani kakuvalisha?"

Nilikuwa nimeisahau.

"Nurdin."

"Nurdin si kaenda Lindi? Mwenyewe umeniambia jana kwenye simu."

Nikaangalia chini.

Nilidhani ataondoka, au atacheka. Akachukua shati mapajani kwangu, akalikung'uta, akafungua mkono wa kulia wa shati ukae sawa.

"Haya shemeji, lete mkono. Taratibu, usijitie ushujaa."

Nikaleta mkono taratibu, kama mgonjwa.

Akanifunga vifungo kuanzia chini, akinisimulia habari za mama mmoja wa Kigamboni aliyegombana na muuza samaki. Na Jumamosi iliyofuata alikuja tena.

Ndugu yangu unayesoma, bega likikuuma miezi na mkono ukawa haupandi, usikubali kuvutwa viungo, nenda ukapimwe mapema. Kano iliyokatika haikungoji. Na ukiwa na mtu anayekuambia ukapimwe, usimjibu ni uchovu wa kazi.

Na ukimwona mtu mzima anavalishwa shati analoliweza mwenyewe, usimcheke, pita zako. Pale kuna watu wawili wamefiwa, na hujui nani anamsaidia nani.